Karatasi Niliyoibandika Kanisani

Nina umri wa miaka hamsini na mitatu. Nafundisha Kiswahili katika shule moja nje kidogo ya mji wa Kakamega, na maisha yangu yote nimejivunia kusoma kila kitu kwa makini. Wasomaji wenzangu, fahari hiyo ndiyo iliyoniponza...

Lihanda, rafiki yangu wa tangu ujana, ndiye aliyenisimamia siku ya harusi. Alikuwa na duka la vifaa vya sola karibu na soko. Stima ilipozidi kupotea, nilimwendea anitafutie betri ya kuhifadhi umeme wa jua. Nilisisitiza iwe ile inayochajiwa na stima pia, ili siku za mvua nisikae gizani. Aliniuzia, nikaridhika.

Wiki chache baadaye, maafisa wa kodi waligawa karatasi ya maelezo barazani. Kodi, ilisema, imeondolewa kwa betri zinazohifadhi nishati ya jua. Imeondolewa! Mbona basi risiti yangu ilionyesha kodi?

Nilimwuliza. Alicheka. "Mwalimu, yako ni ya jua na stima. Soma hiyo karatasi vizuri."

Mimi? Kuambiwa nisome vizuri?

Tangu siku hiyo kila alichofanya kilinitia shaka. Geti lake lilikuwa limepakwa rangi mpya... rangi hiyo ilitoka wapi? Akipigiwa simu aligeuka pembeni. Alikuwa akimficha nani? Akinichangamkia niliona hila. Akinyamaza niliona hatia.

Jumapili moja niliibandika karatasi ile kwenye ubao wa matangazo kanisani, neno "imeondolewa" nikalipigia mstari kwa wino mwekundu. Sikutaja jina. Kulikuwa na haja gani, na muuza sola kanisani alikuwa mmoja tu?

Maneno yakafika sokoni. Akina mama wa chama, waliokuwa wameagiza betri za mashine zao za kuangulia vifaranga, wakaghairi. "Lihanda wee, hilo geti si ni kodi yetu?" mmoja alimtania mbele ya wateja. "Basi tufungulie, tuingie kwetu!" Wakacheka hadi wakashikana mabega.

Mke wangu alinisihi nizungumze na Lihanda. Nilikataa. Kabla ya mwaka kwisha duka lilifungwa, Lihanda akahamia Mautuma kulima mahindi kwa kaka yake.

Kisha kanisa likataka kuupaka ubao rangi, nikaambiwa niondoe karatasi yangu. Nilipoing'oa, iligeuka mkononi. Upande uliokuwa umelalia mbao ulikuwa na maandishi! Neno la kwanza, juu kabisa, lilikuwa "pekee."

Betri zinazohifadhi nishati ya jua... pekee. Yangu haikuwamo. Lihanda hakuwa ameniibia chochote!

Mimi ninayewakata wanafunzi alama kwa kusahau nukta, sikuona kwamba upande wa mbele uliishia bila nukta.

Nilikwenda Mautuma. Mkewe alinipikia obusuma na ingokho, yaani ugali na kuku, kama mgeni yeyote. Nikatoa karatasi, nikaomba radhi, nikalia. Lihanda aliisoma pande zote mbili, taratibu, akanirudishia.

"Nilikuambia usome, Mwalimu."

Nilipoaga, alibaki kitini. Kwetu mgeni husindikizwa hadi barabarani... Mimi nilitembea peke yangu.

Ndugu wasomaji, sikukosa kusoma kwa sababu ya haraka. Nilisoma hadi nilipopata hatia niliyoitamani, nikakomea hapo. Misamaha ya serikali huja na masharti yake. Nawasihi, igeuzeni karatasi kabla ya kumgeuka rafiki!