Nilimpa Karatasi Yenye Maneno Yake Peke Yake

Wasomaji wenzangu, nina miaka arobaini na tisa, ni mjane, naishi Soweto. Nilizaliwa Morogoro, nikaolewa na Msauzi aliyekimbilia kwetu enzi za ubaguzi wa rangi, naye ndiye aliyenileta Johannesburg. Sijaua mtu, wala sijaiba mume wa mtu. Lakini nilichomfanyia rafiki yangu... afadhali ningeiba!

Mume wangu alipofariki aliniachia sanduku la vitabu. Kimoja kilieleza kazi ya mwongozaji mmoja wa Marekani, mwanzoni mwa karne iliyopita, aliyeongoza vikundi vya maigizo vilivyoonyesha mchezo mpya kila wiki. Kila wiki! Waigizaji walikuwa walewale, kila mmoja na aina yake ya nafasi: huyu baba mkali, yule mchumba, yule mama wa kulia. Muda wa kunakili mchezo mzima haukuwepo. Kila mwigizaji alipewa karatasi yenye maneno yake peke yake, pamoja na maneno mawili matatu ya mwisho ya anayemtangulia, ili ajue zamu yake imefika.

Kitabu kile kilinipagawisha. Mwaka 2015 nikaanzisha kikundi changu cha Kiswahili katika ukumbi wa kanisa: Wakongo, Watanzania, Warundi. Kila Jumapili alasiri, mchezo mpya. Watu wana zamu za ulinzi, wana saluni, wana cherehani, nani ana muda wa kusoma mchezo mzima? Karatasi zilitufaa sana. Nikavimba kichwa.

Mama yetu wa kulia alikuwa Mama Furaha, msusi kutoka Bukavu. Akilia yeye, ukumbi mzima unatafuta leso. Tukawa marafiki wa kushibana.

Siku moja, akinisuka, akanitolea la moyoni. Alipokimbia vita mumewe alikuwa ameshatangulia huku, yeye yuko nyuma na watoto wawili. Mdogo, Amani, akaugua njiani. Abiria wa lori wakakataa kupanda naye, wakiogopa kuambukizwa. Lori linaondoka... Akamwacha kwa bibi mmoja kando ya barabara, akaahidi kurudi. Hakuweza kurudi. Alipofika huku, yeye ndiye aliyemwambia mumewe kwamba mtoto alikufa na alizikwa.

Akaniomba jambo moja tu: nimsindikize siku atakapomwambia mumewe ukweli, ili waanze kumtafuta Amani. Nikamwambia tutakwenda wote, Pasaka ikipita. Niliapa kabisa!

Jamani, mchezo mpya kila wiki unamaliza visa. Mapema mwaka 2017 sikuwa na kisa hata kimoja kichwani. Nikakaa mezani, nikaandika cha Mama Furaha. Nikabadilisha majina, lori nikaligeuza mashua. Nani atajua? Nilijidanganya hivyo.

Karatasi yake ilikuwa na mistari michache: "Hana homa kali." "Nitarudi kesho." "Mungu anajua." Maneno ya kawaida ya mama wa kulia, hakushtuka. Yaliyobaki yalikuwa kwenye karatasi za wenzake. Mazoezi ya pamoja ya Jumamosi niliyafuta, nikasingizia kwamba ukumbi una harusi. Hapakuwa na harusi yoyote.

Jumapili ukumbi ukajaa. Baba Furaha, ambaye siku zote Jumapili yuko lindoni, akaja na kukaa mstari wa mbele. Nilimwona kabla pazia halijafunguliwa! Ningeweza kusimamisha kila kitu. Nikasema moyoni, watu wameshakaa.

Mwenye mashua akafoka kwamba mtoto mgonjwa habebwi. Mama Furaha akajibu kwa mazoea, "Hana homa kali." Mwigizaji wa bibi akanyoosha mikono kumpokea mtoto. "Nitarudi kesho," akasema Mama Furaha, na hapo nikaona uso wake umebadilika. Akageuka, akanitazama nilipojibanza nyuma ya pazia... Macho yale bado nayaona.

Mume wa kwenye mchezo akamuuliza mtoto yuko wapi. Karatasi ilisema, "Mungu anajua." Hakusema hivyo. Alisogea hadi ukingoni mwa jukwaa, akamtazama mumewe wa kweli.

"Baba Furaha, Amani hakukufaka. Miye nilimuachaka ku njia."

Makofi yakalipuka! "Eish, huyu mama!" mtu akapiga kelele. Walidhani ni maigizo. Wakasimama, simu juu, wanarekodi. Na mimi... Mungu anisamehe, kwa muda mfupi nilifurahi! Nilijiona nimeongoza onyesho bora kuliko yote.

Baba Furaha akanyanyuka, akatoka. Wiki ileile akahama nyumbani, akamchukua Furaha. Nilimfuata rafiki yangu saluni kuomba radhi. Hakupandisha sauti. "Nilikuwa natafuta namna ya kumuambia," akasema. "Haukuningojea, dada."

Baba Furaha alirudi Kongo kumtafuta mwanawe. Mwaka 2019 tukasikia amempata. Amani yuko hai, ana miaka kumi na mmoja, analelewa na binti wa yule bibi! Nililia kwa furaha, nikidhani sasa na mimi nitasamehewa.

Lakini video ilikuwa imeshafika kule, ndugu wakamwonyesha mtoto. Alichokiona ni mama yake akisema jukwaani kwamba alimwacha njiani, na watu wakimpigia makofi. Anaamini mama yake alimfanya mchezo. Utamwelezaje mtoto wa miaka kumi na mmoja kwamba mama hakujua, kwamba alikuwa na karatasi yake tu?

Kikundi nimekivunja. Nawasihi, hasa ninyi mnaoandika na kuigiza: mtu akikufungulia moyo wake, itunze siri yake. Usijifariji kwamba umebadilisha majina. Kama alikuomba umsindikize, msindikize, basi!

Mama Furaha bado anampigia mwanawe simu. Anayepokea humwita Amani, na Amani hutoka nje.