Mlango Uliong'olewa

Fundi cherehani alikuwa anapinda gauni la mteja aliposikia nyundo. Mwenye nyumba alikuwa nje na vibarua wawili. Walikuwa wanang'oa mlango wa chumba alichopanga fundi, pamoja na bawaba zake.

"Mzee, unafanya nini? Uliahidi mbele ya hakimu kwamba hutatusumbua mpaka kesi yako ya kutuhamisha iishe!"

Mwenye nyumba alicheka. "Nani kakusumbua? Kaa. Mimi nachukua mlango wangu."

Wakaondoka nao.

Mume wa fundi ni seremala. Aliporudi jioni alilitazama lile pengo, akatoa futi yake, akaanza kupima.

"Kesho mtakuwa na mlango mzuri kuliko ule."

"Acha kupima, shemeji!" Alikuwa jirani yao, msaidizi wa sheria wa mtaa. "Ukiliziba pengo, hakimu ataona nini? Pigeni picha kwanza. Waiteni majirani walioona."

"Lakini ile ilikuwa ahadi ya mdomo tu," seremala alisema.

"Ya mdomo, lakini mahakamani! Hakimu aliikubali, akaifanya amri. Anayeivunja kwa makusudi anadharau mahakama. Anaweza kutozwa faini, hata kufungwa. Ila nanyi msimpige wala kumtukana. Msimpe pa kutokea. Watoto watalala kwangu."

Fundi akatundika shuka mlangoni. "Mimi sihami," alisema. Asubuhi aliisogeza cherehani hadi kizingitini, akashona mtaa mzima ukimwona.

Mwenye nyumba akapita. "Bado mpo tu?"

"Tupo, mzee. Upepo mwanana! Tutaonana mahakamani."

Siku hiyo hiyo walipeleka malalamiko, na mwenye nyumba akaitwa. Hakimu alitazama picha, akawasikiliza mashahidi.

"Uliniahidi nini wewe?"

"Mheshimiwa, sikumgusa mtu."

"Umeigusa amri yangu. Utalipa faini. Na mlango usiporudi leo, utalala gerezani."

Alasiri mwenye nyumba alikuja na mlango kichwani, jasho likimtiririka. Safari hii hakuwa na vibarua.

"Seremala, nishikie basi."

"Anza na bawaba ya juu, mzee," seremala alijibu, bila kuinuka kitini.

Mlango ulipokaa sawa, fundi aliufunga, akaufungua, akausikiliza. Haukulia. Mwenye nyumba alikuwa bado amesimama kizingitini, anahema.

"Kesi yetu inaendelea," fundi alimwambia. "Mpaka iishe, ukija hapa, piga hodi."

Akamfungia nje.