Mtambo wa Bibi na Barua ya Dhamana

Nyumba yetu ya zamani ilikuwa ya mbao, imepakwa rangi nyekundu. Ilikuwa mali ya kiwanda cha karatasi. Baba na mama walifanya kazi kiwandani, na katika nusu ya pili ya nyumba alikaa shangazi Hilkka, ambaye naye alifanya kazi huko huko. Asubuhi nyumba nzima ilinukia kahawa na moshi wa kuni.

Katika chumba cha nyuma ulikuwepo mtambo wa kufumia mazulia. Bibi alimwachia mama. Jioni mama alikaa pale akafuma mazulia kwa matambara ya nguo zetu za zamani. Shati la baba likawa mstari wa bluu. Gauni langu la kwanza la shule likawa mstari wa njano. Mama alipogonga uzi, vioo vya dirisha vilitetemeka. Du, du. Kisha kimya kidogo. Du, du. Mimi nililala kwa sauti hiyo tangu utotoni.

Baba alifariki nikiwa na miaka sita. Nilipofika kumi na tatu, kiwanda kilifungwa. Mama alitafuta kazi asipate. Akaanza kupokea msaada wa kujikimu kutoka ofisi ya mafao. Alificha zile barua nyuma ya kopo la unga, kana kwamba ni aibu.

Kisha ikaja barua nyingine. Nyumba nyekundu zote za kiwanda zitabomolewa kabla ya theluji kuanguka.

Shangazi Hilkka alikuwa ameshahamia mjini majira ya kuchipua. Mama naye akatafuta nyumba huko. Akapata vyumba viwili ghorofa ya tatu, karibu na shule yangu. Mwenye nyumba aliitwa mzee Kokko, na mwenyewe aliishi ghorofa ya pili, chini ya vyumba hivyo. Kodi mama aliiweza, kwa sababu msaada uliifikia. Lakini mzee Kokko alitaka pia amana: kodi ya miezi miwili, kabla hatujaingia.

Mama hakuwa nayo. Hata hivyo alimpa mkono, akasema, "Ijumaa nitaleta."

Kwetu, mtu akishatoa mkono, hawezi kurudi nyuma.

Jumatano tulikwenda ziwani kufua mazulia. Kuna gati la mbao pale, lenye meza za kufulia, na wanawake wa mji wote hufulia hapo wakati wa kiangazi. Mama alisugua kwa brashi na sabuni ya msonobari. Alisugua kwa nguvu sana.

Shangazi Hilkka akafika kwa baiskeli, zulia lake limefungwa nyuma.

"Raili! Hilo zulia unalifua au unalipiga?"

"Lina uchafu wa miaka kumi," mama akasema.

"Liache lipumue basi. Njoo unywe kahawa."

Tulikaa ukingoni, miguu majini. Shangazi akatoa chupa ya kahawa na mkate mtamu wa iliki. Akanimegea kipande kikubwa.

"Na wewe bubu wangu, hujambo?"

"Sijambo, shangazi."

"Ameongea! Haya, Raili, niambie. Ule mtambo mtauweka wapi huko mjini?"

Mama alitazama maji. Mimi nilitazama mkate wangu.

"Nauuza," mama akasema.

"Unauza nini?"

"Mtambo. Kuna watu wa kusini wana hoteli. Watakuja Ijumaa asubuhi kuuchukua. Wanataka kuuweka ukumbini, uwe pambo."

"Pambo! Mtambo wa mama yako, watalii wautundikie makoti!"

"Nifanyeje, Hilkka? Amana nitaitoa wapi? Nimeshampa mzee Kokko mkono."

Shangazi aliweka kikombe chini.

"Umetia sahihi mkataba?"

"Nimempa mkono, nimekwambia."

"Mkono nimeusikia. Nakuuliza sahihi. Umetia? Umelipa chochote?"

"Bado."

"Basi una bahati, ingawa huistahili. Wewe si unapata msaada kila mwezi?"

Mama aligeuka kuwatazama wanawake wengine. "Shusha sauti."

"Nani anatusikia? Bata? Sikiliza. Mtu anayepata msaada huo anaweza kuomba dhamana ya amana. Hawakupi pesa mkononi. Wanakupa barua ya kumpelekea mwenye nyumba. Barua inasema: mpangaji huyu akiharibu kitu, au asipolipa kodi, ofisi itakulipa, mpaka kiasi fulani. Mimi niliingia kwangu kwa barua kama hiyo."

"Na baadaye watanidai?"

"Ukiharibu nyumba ofisi ikalipa, watakudai, na ni haki yao. Ukiitunza, siku unayohama barua imemaliza kazi. Hudaiwi kitu."

"Mbona hukuniambia?"

"Nitakuambiaje? Mwaka mzima nikiuliza habari zako unasema 'tunaendelea'. Haya, mnaendelea wapi?"

Mama akacheka kidogo, bila kupenda.

"Lakini kuna jambo moja," shangazi akasema. Aliinua kidole chenye povu. "Omba kabla ya kutia sahihi na kabla ya kulipa. Ukilipa kwanza, ofisi itasema huyu amejiweza mwenyewe, na haitarudisha kitu. Unamjua binamu yangu Aulis. Aliuza mashua yake, akalipa amana, ndipo akaenda kuomba. Alirudi bila mashua na bila barua."

"Maskini Aulis."

"Maskini nini? Alikataa kuuliza. Kama mtu fulani ninayemjua."

Akatuambia vitu vya kupeleka. Kitambulisho. Taarifa ya benki. Mkataba ambao bado hauna sahihi, wenye anwani, kodi na kiasi cha amana. Na ile barua ya kubomolewa nyumba, ili ofisi ione kwamba jambo letu ni la haraka. Nilikariri kimoyomoyo. Nilikuwa mtoto wa kusikiliza.

"Nitaonekana ombaomba," mama akasema.

"Miaka ishirini kiwanda kilikukata kodi kwenye mshahara. Ulidhani pesa zile zinakwenda mwezini?"

Alhamisi asubuhi tulikwenda kwanza kwa mzee Kokko kuomba mkataba. Alitufungulia akiwa amevaa soksi za sufu. Mama alimweleza, macho yakiwa sakafuni.

"Barua?" mzee akasema. "Tulisema pesa."

"Tulisema pesa, ndiyo."

"Mpangaji aliyetoka alipaka jiko rangi nyeusi. Jiko zima! Na paka wake alikwaruza milango. Barua itasafisha nini?"

Mama aliona haya. Uso ukawa mwekundu mpaka masikioni. Akachukua mkoba wake. Nilijua tukitoka mlangoni kesho watu wa hoteli watabeba mtambo wa bibi.

Siku zote nilisimama nyuma ya koti la mama. Siku hiyo pia nilikuwa nyuma ya koti. Lakini nilisema.

"Barua hiyo ni sawa na pesa, mzee. Kikiharibika kitu, ofisi inalipa. Na siku ya kuingia tutaandika pamoja kila kilichopo. Mikwaruzo yote. Tutapiga picha. Utabaki na nakala yako na sisi yetu."

Shangazi alikuwa hajasema habari ya picha. Hiyo niliiwaza mwenyewe kitandani.

Mzee Kokko akanigeukia.

"Paka mnaye?"

"Hatuna."

"Rangi nyeusi?"

"Hapana."

Hapo mama akaweka mkoba chini. Mama alificha shida zake, lakini hakuweza kumdanganya mtu.

"Lakini nikipata barua sitauza mtambo wangu wa kufumia," alisema. "Na mtambo unapiga kelele."

Nilitaka kumfinya.

"Ni ule wa kugonga?" mzee akauliza.

"Wa kugonga."

Mzee akakuna kidevu.

"Mwisho saa mbili usiku. Hiyo ni sheria ya jengo. Na chini yake mweke zulia."

"Zulia," mama akasema, "hilo halitatushinda."

Mzee akatupa mkataba usio na sahihi, akakubali kungoja mpaka wiki ijayo.

Ofisini tulichukua namba tukakaa. Kijana wa dirishani alizisoma karatasi moja moja.

"Hamjatia sahihi? Hamjalipa?"

"Bado," mama akasema.

"Vizuri. Ombi lenu litashughulikiwa haraka. Ndani ya wiki mtapata jibu."

"Jibu litakuwa ndiyo?"

"Siwezi kuahidi, mama. Lakini hakuna karatasi iliyokosekana."

Kwa hiyo Ijumaa asubuhi, gari la hoteli lilipoingia uani, bado hatukuwa na barua. Mwanamke mmoja alishuka na bahasha mkononi. Mama alisimama kizingitini na aproni yake.

"Samahani kwa safari yenu," alisema. "Hauuzwi."

"Tulikubaliana kwa simu! Hatutarudi tena, unajua?"

"Najua. Karibuni kahawa."

Walikunywa kahawa, wakaondoka bila mtambo. Mama alikaa kwenye benchi la mtambo mpaka mchana, bila kufuma.

Barua ilikuja Alhamisi iliyofuata. Mama aliisoma amesimama kwenye sanduku la posta, kisha akanipa nami nisome. Ilikuwa dhamana ya miezi miwili, na jina la mama juu yake. Hakuificha nyuma ya kopo la unga. Aliibandika ukutani kwa siku moja, kisha tukampelekea mzee Kokko. Hapo ndipo mama alipotia sahihi.

Siku ya kuhama tulifungua mtambo vipande vipande, tukaandika namba kwa chaki kwenye kila kipande. Aulis alitubebea kwa gari lake. Mzee Kokko alitungoja na kalamu. Tuliandika: mkwaruzo mlango wa jiko, bomba la bafuni linavuja, alama ya moto kwenye ubao wa dirisha. Nilipiga picha za vyote. Mtambo ulichukua nusu ya sebule, na kitanda changu kikakaa kando yake. Jioni mama aligonga mara ya kwanza. Vioo vya mjini havikutetemeka. Lakini nililala.

Nyumba nyekundu ilibomolewa mwezi wa kumi. Tulikwenda kutazama. Zilibaki ngazi tatu za mawe tu, zisizoelekea popote.

Tulikaa kwa mzee Kokko miaka saba. Mama alipata kazi jikoni katika shule. Mwaka jana tulihama, yeye kwake, mimi kwangu, kwa barua yangu mwenyewe. Niliomba kabla ya kutia sahihi. Mzee alizunguka na ile orodha ya zamani, akafananisha picha. Kila kitu kilikuwa kama kilivyoandikwa, isipokuwa bomba, ambalo alikuwa amelitengeneza. Akaandika kwamba hadai kitu. Ofisi haikulipa hata senti.

Mama alimpa zulia, lenye mstari wa bluu katikati. Mzee alilishika bila kulikunjua.

"Shida ni usiku," alisema. "Nimezoea kulala kwa sauti ya ule mtambo."

Nyumba yangu mpya ni ndogo na kimya. Jioni, karibu saa mbili, mama hunipigia simu. Hatuna maneno mengi, yeye na mimi. Huiweka simu juu ya benchi la mtambo na kuendelea na kazi.

Du, du. Kisha kimya kidogo. Du, du.