Dirisha la Hjulsta

"Huyu ni mama yangu."

Denise hakupiga kelele. Alitamka neno moja moja, kidole kimenyooka ukutani, na Njuguna aliyekuwa amemshika kiuno akauondoa mkono haraka kama aliyegusa sufuria ya moto.

Mbele yao, katika ukumbi mdogo wa maonyesho karibu na maduka ya Skärholmen, ilining'inia picha kubwa kuliko zote. Dirisha la chini la ghorofa, limeachwa wazi. Ndani yake mwanamke mtu mzima, kitenge kimefungwa kifuani, mabega nje, kichwa hakina hata kitambaa, nywele zimelowa na kusimama ovyo, macho yanatazama mbali. Chini ya picha kulikuwa na kibao cha Kiswidi: Mwanamke Aliyepoteza Nchi.

"Njuguna, nimekuambia huyu ni mama yangu."

"Denise, hebu tutoke nje tuongee."

"Nje kufanya nini? Yeye mmemweka humu mbele za watu na kitenge cha kulalia. Halafu sisi ndio tuone aibu, tutoke?"

"Aki sikujua. Unajua vile matembezi yetu huwa. Tunapita, mtu anaona kitu kizuri, anapiga. Ningejuaje ni mama?"

Hayo matembezi Denise aliyajua vizuri. Kila Jumapili Njuguna, kijana wa Kikenya aliyekuja Stockholm kusoma akabaki kutengeneza kompyuta, alikusanya watu na kamera zao kwenye kituo cha treni, akawatembeza mitaa ya maghorofa ya zamani. Leo Hallonbergen, alikoishi mwenyewe, wiki ijayo Hjulsta, mwisho wa reli ya bluu. Walipiga picha milango, baiskeli, nguo zilizoanikwa kwenye vibaraza, na watu. Sheria yao walikuwa wakiisema kwa kicheko: piga kwanza, salamu baadaye. Denise alikuwa akicheka nao. Sasa alitamani kukirudisha kicheko kile kooni.

Na mnajua ilikuwa siku gani? Jumapili ya Mei, mwaka 2011. Jumamosi iliyofuata ukoo wa Njuguna ulikuwa uje Hjulsta, kwa mama yake Denise, kumposa Denise. Vitenge vya sare vilikuwa tayari kwa fundi, sombe, kisamvu cha kwao, iko kwenye friza. Kwao Denise, Wakongo wa Kivu, mkwe hamzoei mama mkwe. Hawasemezani ana kwa ana mpaka mahari ipokelewe, na kumwona kichwa wazi ni jambo la kuitisha wazee. Mkwe huyu alikuwa amemwona, akampiga picha, akamtundika.

"Haya, hukujua," Denise akasema. Sauti ilianza kulegea, maana alimpenda yule kijana, tusidanganyane. "Hukujua. Sasa itoe."

"Nitaitoa, mpenzi. Maonyesho yakiisha tu."

Kabla Denise hajamjibu, Okech akafika amebeba vikombe viwili vya kahawa. Okech alikuwa rafiki wa Njuguna, hakosi matembezi hata theluji ianguke.

"Shemeji!" akasema kwa furaha. "Kumbe leo ndio amekuonyesha. Afadhali. Nimemsumbua huyu tangu Machi, mwambie Denise, mwambie Denise..."

Akaziona nyuso zao, lakini alikuwa amechelewa. Maneno yalikuwa yameshamwagika.

"Tangu Machi?" Denise akauliza.

"Okech, wachana na sisi," Njuguna akasema.

"Okech, usiondoke. Tangu Machi alijua nini?"

Okech akamtazama rafiki yake, akamtazama Denise, kisha akaweka vikombe chini, akatoa simu. Alifungua ujumbe akampa asome mwenyewe.

*"Boss, kama huyo mama ni wa Denise, mwambie kabla hatujatundika."*

Na jibu la Njuguna chini yake:

*"Baada ya posa. Akishakuwa mke wangu ataenda wapi? Atazoea tu."*

Denise alisoma mara mbili. Akakumbuka. Machi, kwenye mkahawa, alimwonyesha Njuguna picha ya mama yake siku ya Pasaka ya mwaka uliopita, kilemba cha zambarau, hereni kubwa. Njuguna aliitazama, akaomba maji ya kunywa, akaanza kuongelea mpira. Denise akadhani ana haya ya ukwe, akampenda zaidi kwa hilo. Akamrudishia Okech simu.

"Nitazoea," akasema.

"Denise, hayo ni maneno ya vijana, tulikuwa tunataniana..."

"Itoe."

"Yule mama mwenye funguo za ukumbi atakataa, tumekubaliana mpaka Jumapili ijayo..."

Denise hakungoja amalize. Alivuta kiti, akapanda na viatu vyake virefu, akaing'oa picha kwenye misumari. Mama wa Kiswidi mwenye funguo alikuja mbio akisema haiwezekani, haiwezekani. Denise akamjibu kwa Kiswidi safi kwamba huyo aliye pichani ni mama mzazi, kwamba hakuna aliyemwomba ruhusa, na kwamba kama kuna shida aite polisi. Yule mama akaitazama picha, akamtazama Denise, akarudi nyuma. Denise akachukua na kibao, akakitia mkobani.

"Beba," akamwambia Njuguna. "Uso uwe kifuani mwako. Mtu mwingine asimwone leo."

Basi wakapanda treni ya reli nyekundu, Njuguna ameikumbatia fremu pana kama meza, watu wanamkwepa. Wakashuka T-Centralen, kituo kikuu, wakaingia ya bluu. Kila mlango ulipofunguka Njuguna alijaribu tena.

"Nilikuwa naogopa kukupoteza."

"Kwa hiyo ukaamua unifunge kwanza."

"Si kukufunga! Mbona unaongea hivyo? Denise, hii picha imenifungulia milango. Kuna gazeti linataka kuniandika. Nilitaka tukianza maisha niwe mtu."

"Na mama yangu awe nini?"

"Watu wanamwonea huruma. Wanasimama pale, wengine wanalia."

"Wanalilia nini, Njuguna? Unajua alikuwa anafanya nini dirishani?"

Njuguna hakujua. Hakuwahi kujiuliza. Denise akageuza uso akatazama giza la njia ya treni mpaka Hjulsta.

Mama yake, Emérithe, mpishi wa shule ya watoto, aliishi ghorofa ya chini. Denise alimwacha Njuguna kwenye ngazi, akachukua fremu, akaingia na kufunga mlango. Njuguna akabaki kusikiliza.

Kwanza kishindo cha fremu sakafuni. Kisha sauti ya mama.

"Eh! Ni miye huyu?"

"Ni wewe, mama."

"Na kichwa waziwazi vile? Mungu wangu! Na iko ku ukuta? Watu wa kanisa waliona?"

"Sijui, mama."

"Watajua sasa kama niko na mvi! Miaka yote nafichaka! Na hapa wameandika nini?"

Kiswidi cha Mama Emérithe kilikuwa cha jikoni, lakini kilitosha kusoma kibao. Hapo ndipo sauti ilipobadilika, ikashuka, ikawa nzito.

"Nilipoteza inchi? Nani alimwambia? Inchi haipotee. Iko palepale, ni miye njo nilikimbia vita, kwa miguu yangu, nakushika mukono. Siku ile nilikuwa nangoja rangi ya nywele ikamate! Harufu ilikuwa kali, nikafungua dirisha. Nilikuwa nawaza samaki ya kupika, vraiment, kweli kabisa, samaki! Nani alipiga hii foto?"

"Mkwe wako."

Hatua zikaja mlangoni. Mlango haukufunguliwa. Kilichofunguka ni kile kifuniko cha chuma, mahali mtu wa posta anapopitishia barua.

"Denise, mwambie asikie," mama akasema kupitia tundu lile, na ingawa alimtaja Denise maneno yote yalikwenda ngazini. "Mwambie amenikosea. Atalipa mbuzi, wazee watasema, itaisha. Kijana hakujua kama ni miye. Pardon iko."

Njuguna akapiga magoti mbele ya tundu. "Asante, mama. Asante sana. Nilikosa."

Denise akafungua mlango, akatoka, akaurudisha nyuma yake.

"Mama, alijua. Toka mwezi wa tatu. Alisema nikishaolewa nitazoea."

Kifuniko kilibaki wazi.

"Alijua?" mama akauliza. "Basi hiyo si ya miye tena. Ile ya kichwa ni yangu na nimeisamehe. Hii ni yako. Amua weye."

Njuguna bado alikuwa magotini. Macho yake yalikuwa mekundu, na Denise alimwona, akaumia. Miaka miwili si mchezo. Alimjua jinsi anavyopuliza chai, jinsi anavyomngoja kituoni kwenye baridi bila kulalamika. Alitaka sababu moja tu ya kumwinua.

"Unataka nikuoe?" Njuguna akasema. "I mean, unataka bado tuoane? Niambie nifanye nini. Chochote."

"Mpigie Anko Bethuel. Sasa hivi. Weka sauti nje, sote tusikie. Mwambie Jumamosi wasije, na umwambie kwa nini. Ukimwambia, mimi mwenyewe nitampigia kesho tupange siku nyingine."

"Hilo tu?"

"Hilo tu."

Anko Bethuel alikuwa mdogo wa marehemu baba yake Njuguna, dereva wa basi kule Uppsala na mzee wa kanisa. Yeye ndiye angeongoza posa. Simu ikaita, ikapokelewa.

"Njuguna! Bwana harusi! Nimepeleka suti kwa dobi."

"Anko... hiyo ya Jumamosi, itabidi tusogeze mbele kidogo."

"Kusogeza? Kwani kuna nini, kijana wangu?"

Njuguna akamtazama Denise. Denise hakupepesa macho. Mlangoni, nyuma ya kifuniko kilicho wazi, mtu alikuwa akisikiliza.

"Hakuna kitu kikubwa," Njuguna akasema. "Ni mama yake Denise. Ameugua kidogo."

"Pole sana! Anaumwa nini?"

"Ni... ni presha tu, Anko. Ametulia sasa."

Kifuniko kikajifunga kwa kishindo, ngazi nzima ikasikia.

Njuguna akakata simu akiwa ameshatambua kosa lake. "Denise, ngoja. Huyo ni mzee, singeweza kumwambia hivyo kwa simu. Nitamweleza pole pole, uso kwa uso..."

"Mara ya kwanza ulimwona mtu anangoja rangi ya nywele, ukasema amepoteza nchi. Leo umesikia sauti yake, mzima kuliko mimi na wewe, ukasema anaumwa presha." Maneno ya Denise yalitoka yamenyooka. "Na mimi siku nikikukera, utawaambia watu nina nini?"

"Mpenzi..."

"Nenda Hallonbergen, Njuguna. Usinipigie."

Aliingia ndani, akageuza ufunguo, akalia akiwa ameegemea koti la mama yake ukutani. Mama hakumwambia nyamaza.

Njuguna alituma ujumbe wiki nzima. *"Nipe nafasi moja."* *"Nitamwambia Anko, naapa."* *"Nimefuta picha kwenye kompyuta."* Denise aliusoma wote. Hakujibu hata mmoja.

Jumamosi ikafika. Sombe ilikuwa imeshatolewa kwenye friza na haingoji mtu, kwa hiyo wanawake wa familia walikuja, wakavaa vitenge vyao vya sare, wakapika samaki na wali, redio juu. Mama Emérithe alivaa kilemba cha zambarau na hereni kubwa. Walikuwa katikati ya kucheka kengele ya mlango ilipolia.

Denise akafungua. Mlangoni alisimama mzee wa makamo, suti imepigwa pasi, mkononi kikapu cha zabibu na machungwa, na kadi ya kumtakia mtu afya.

"Wewe ndiye Denise? Mimi ni Bethuel. Najua tuliahirisha, lakini nikasema siwezi kuacha kumjulia hali." Akachungulia ndani, kwenye muziki, akachanganyikiwa. "Mgonjwa yuko wapi, binti yangu?"

Mama Emérithe akatokea nyuma ya Denise, mwiko mkononi, jasho la jikoni likimng'aa usoni.

Denise akapokea kikapu kwa mikono miwili, kwa adabu yote aliyofunzwa.

"Karibu ndani, Anko, ule kwanza," akasema. "Mgonjwa hakai hapa. Yuko Hallonbergen, na ugonjwa wake nitakueleza mimi."