Birika la Mkono wa Kushoto

Jumamosi moja ya mwaka 1954, duka kubwa lililo karibu na kanisa kuu la Milano lilifurika watu. Miaka tisa ilikuwa imepita tangu vita viishe, na kila nyumba ilitamani vyombo vipya. Ornella, muuzaji aliyevaa gauni jeusi lenye kola nyeupe, alikuwa akiwaonyesha wateja kisufuria cha maziwa. Alipomimina, maziwa yakamrukia kijana mmoja mwenye koti la kijivu.

"Niwie radhi, bwana! Mimi ni mashoto, na mdomo wa kisufuria hiki uko upande mmoja tu. Aliyekibuni sijui alikuwa na akili gani!"

"Akili haba, bibie," kijana akacheka huku akijifuta. "Ni mimi. Naitwa Tullio."

Tangu siku hiyo simu ya dukani haikupumzika.

"Mashoto wangu, umekula?"

"Nimekula, ewe mmwagiwa maziwa. Kata simu, msimamizi ananitazama!"

Jioni moja Tullio alimpa donge la udongo laini. "Libane kama unavyoshika birika, laazizi. Mpini wa birika langu jipya la kahawa utafuata vidole vyako."

Maonyesho ya vyombo vipya, birika hilo likiwamo, yalipofunguliwa, Ornella alifika amevaa gauni la buluu aliloshonewa na mama yake. Akalinyanyua birika. Vidole havikuenea katika mabonde ya mpini. Kidole gumba kilibaki kinaelea.

"Huu ni mkono wa nani, Tullio?"

"Ni wako, mpenzi, ila..."

"Mkono wangu naujua! Nenda kwa mwenye huu."

Kesho yake simu ikalia. "Mwambieni sipo!" Ornella alisema kwa sauti, na Tullio akamsikia.

Jumatatu Tullio akapanga foleni dukani, katikati ya akina mama wenye vikapu. Zamu yake ikafika.

"Hakuna mwanamke mwingine, Ornella. Karakana ninakofanya kazi iligeuza umbo la mkono wako liwe la kulia, kwa kuwa wanunuzi wengi hutumia mkono wa kulia. Niliona, nikanyamaza."

"Kwa nini?"

"Niliogopa kufukuzwa kazi. Na niliogopa kukuhuzunisha."

"Birika ningelisamehe siku ileile. Kimya chako ndicho kilichoniunguza."

"Sitakuficha tena jambo. Nikubalie tuoane."

"Mjibu basi, binti," mama mmoja akadakia kutoka nyuma, "wenzako tunataka sufuria!"

Ornella akacheka, machozi yakimlengalenga. "Jumapili mama anapika wali wa zafarani. Njoo umwombe yeye. Wala usilete chombo, lete maua."

"Maua gani, kipenzi?"

"Yoyote," Ornella akasema, "mradi hayana mpini."