Mwalimu wa Drafti kwenye Laini ya Mbeya

Ilikuwa Jumanne, saa nne asubuhi, mwezi Machi mwaka 1974. Mvua ya rasharasha ilikuwa ikinyesha mjini Iringa tangu alfajiri, na ukungu ulikuwa bado umeficha vilele vya mawe. Ndani ya kituo cha simu watu walibanana mbele ya kaunta wakiwa na makoti yaliyolowa. Wenye malori, walimu, watawa na akina mama wa sokoni, kila mmoja alitaka kuzungumza na mtu wa mbali kabla ya mwenzake.

Evarista Kalinga aliketi mbele ya swichibodi, ubao wa kuunganishia simu. Alivaa gauni la maua na sweta la kijani ambalo mama yake alilifuma huko Kihesa. Vidole vyake vilikwenda haraka kwenye waya. Alipochomeka waya wa Mbeya, hakusikia jibu la kawaida. Alisikia sauti nzito ya mwanamume akijisemea polepole.

"Kumi na moja kwenda kumi na tano. Hapana. Ataliwa."

"Mbeya, hapa Iringa," alisema Evarista. "Nani ataliwa?"

Yule mwanamume akakohoa.

"Samahani, ndugu opereta. Ni drafti. Nilikuwa nacheza na nafsi yangu."

"Na nani anashinda?"

"Nafsi yangu. Mimi nimebakiwa na kete nne tu."

Evarista alicheka hadi mwenye lori aliyekuwa kaunta akamkazia macho. Akamwunganisha mteja wake, lakini kabla ya kuondoka kwenye laini aliuliza jambo moja.

"Ndugu, unafundisha?"

Swali hilo halikuzuka hivi hivi. Kwa mwaka mzima Evarista alikuwa akitafuta mwalimu wa drafti wa kumwamini, na hakumpata. Katika klabu ya wafanyakazi, Sedekia wa stoo alimfundisha jinsi ya kufungua mchezo, akaficha jinsi ya kuumaliza, kwa kuwa hakutaka kushindwa na mwanamke mbele ya watu. Yotamu wa masjala alikuwa kinyume chake. Alimwachia kete kila jioni, akamsifu, na baada ya kila mchezo akamwomba waende wote kunywa soda. Kwa mmoja Evarista hakujifunza kitu, na kwa mwingine alijifunza uongo. Alichotaka ni mtu mmoja wa kumwambia ukweli.

Mtu wa Mbeya aliitwa Ndalahwa Shigela. Wazazi wake walihama na ng'ombe wao kutoka Usukumani hadi bonde la Usangu. Yeye alisoma, akapata kazi ya opereta. Walikubaliana kucheza saa ya chakula cha mchana, ofisi zinapofungwa na laini zinapolala. Kila mmoja aliweka ubao wake kando ya swichibodi, vyumba vyake vikiwa vimeandikwa namba kwa wino. Mteja akipiga, mchezo ulisimama. Mzee Filemoni, msimamizi wa Iringa, aliruhusu kwa sharti kwamba asisikie mtu akilalamika kusubiri.

Siku ya kwanza Evarista alimjaribu. Aliupeleka mchezo vibaya kwa makusudi.

"Kumi na mbili kwenda kumi na sita. Unaonaje, mwalimu?"

"Mbovu."

"Mbovu kabisa?"

"Mbovu kama barabara ya Madibira wakati wa masika."

"Yotamu wa huku aliniambia ni nzuri."

"Huyo Yotamu anataka kukufundisha drafti au anataka kukuoa?"

Evarista aliziba mdomo kwa kiganja. Kalista, mwenzake wa swichibodi ya pili, aligeuza kichwa.

"Mbona unacheka peke yako, dada?"

"Nafundishwa," alijibu Evarista.

Ndalahwa alifundisha bila kupaka mafuta. Alimwonyesha jinsi ya kulinda mstari wa nyuma, jinsi ya kutoa kete moja ili kula mbili, na jinsi ya kungoja. Alimkumbusha kila mara kwamba kete ikiwekwa mdomoni ni lazima iliwe, hata kama kuila ni hasara. Alimfunga mara nyingi. Kila alipomfunga alirudi naye nyuma, kete kwa kete, hadi mahali alipokosea.

Masika yalipokwisha, masomo yalikuwa yamechanganyika na mambo mengine.

"Umekula nini leo, mwanafunzi?"

"Ugali na mboga ya maboga. Wewe je, mtu wa ng'ombe?"

"Maziwa ya mgando. Sauti yako inasema umeshiba pombe ya ulanzi."

"Mchana huu? Ndalahwa, una adabu wewe?"

"Adabu ninayo. Ninachokosa ni wewe, Eva wangu."

Evarista aliinamisha kichwa. Alitazama ubao, na ubao haukuwa na maana yoyote. Siku hiyo alifungwa vibaya kuliko siku zote.

Mwezi Juni alimshinda Sedekia katika mchujo wa wafanyakazi wa Iringa. Klabu nzima ilisimama. Hapakuwahi kuwa na mwanamke aliyepelekwa Mbeya kucheza mashindano ya Nyanda za Juu. Alipompa Ndalahwa habari hizo kwenye simu, alisikia upande wa pili mtu akipiga meza kwa furaha.

"Basi tutakutana, mpenzi. Mimi pia nimepita."

"Ndalahwa, tukipangwa pamoja usiniachie."

"Sitakuachia hata kete moja."

"Apa."

"Haki ya Mungu. Tena sikiliza. Ukishinda au ukishindwa, baada ya mashindano nakuja Kihesa na kaka yangu, tumwone mzee wako."

"Ukija na ng'ombe baba atakuuliza utawafunga wapi."

"Naja na maneno kwanza. Ng'ombe watafuata."

Evarista alisema atampa jibu Mbeya, ana kwa ana. Jibu lenyewe alikuwa nalo tayari. Alitaka kuuona uso wa mtu wakati anamwambia.

Alifika Mbeya siku ya Ijumaa, jioni ya baridi kali, mlima Loleza ukiwa mweusi nyuma ya mji. Ndalahwa alikuwa akimsubiri stendi. Alikuwa mrefu, na viatu vyake vya raizoni, vyenye soli nene, vilimfanya mrefu zaidi. Suruali yake ya bugaluu, pana miguuni, ilifagia vumbi. Walipeana mikono kama watu wa ofisi, kisha wote wawili wakashindwa kuachia.

"Nilidhani wewe ni mnene," alisema Evarista.

"Nilidhani wewe ni mpole," alijibu Ndalahwa.

Kesho yake ukumbi ulijaa hadi madirishani. Walipangwa pamoja katika nusu fainali. Waliketi wakitazamana, ubao katikati, watu wakiwazunguka kwa kelele. Hawakuwa na haja ya kutaja namba. Walisogeza kete kimyakimya. Evarista alicheza kama alivyofundishwa, akangoja. Ndalahwa alianza kufikiri kwa muda mrefu. Alimtazama usoni mara kwa mara, kama mtu anayetafuta kitu alichozoea kukiona hapo. Kisha akachukua kete ya ishirini na tatu akaiweka kumi na nane.

Evarista alilazimika kuila. Alipoila, njia ya kuingia kingi mwisho wa ubao ikafunguka mbele yake. Hatua chache baadaye Ndalahwa hakuwa na pa kwenda.

Ukumbi ulilipuka. Katikati ya shangwe mtu mmoja wa nyuma akapaza sauti.

"Kamwachia mchumba wake!"

Watu wakaangua kicheko. Evarista akahisi damu ikimpanda. Alitoka nje, na Ndalahwa akamfuata.

"Ile kete uliitoa?"

Ndalahwa aligeukia mlango wa ukumbi.

"Nijibu. Uliitoa kwa makusudi?"

"Eva, umeshinda. Si inatosha?"

"Hilo si jibu. Nimekuuliza ndiyo au hapana."

Alitazama chini. Hakusema ndiyo, na hakusema hapana. Kwa Evarista kimya hicho kilikuwa Yotamu mtupu, soda na sifa zake zote.

"Uliapa," alisema. "Ningejua unanitania ningebaki na wale wa Iringa. Wao angalau hawakuapa."

Hakurudi ukumbini. Jina lake liliitwa kwenye fainali, likaitwa tena, kisha wakacheza watu wengine. Yeye alikuwa ndani ya basi la Iringa, paji la uso likiwa kwenye kioo.

Ugumu ulikuwa kwamba hawakuweza kuachana kama watu wengine. Kila siku ya kazi simu za Iringa zilipita kwa Mbeya na za Mbeya zilipita kwa Iringa. Evarista alichukua lugha ya kazi akaifanya ukuta.

"Mbeya, hapa Iringa. Nipe mbili moja nne."

"Eva, tafadhali, nipe dakika moja."

"Ndugu opereta, mteja anasubiri. Mbili moja nne."

"Nisikilize tu, mama."

"Mbili moja nne, ndugu."

Naye Ndalahwa aliunganisha. Baada ya wiki nyingi aliacha kuomba. Alisema "Iringa, hapa Mbeya" kwa sauti tambarare, na Evarista aligundua kwamba jambo hilo lilimuumiza kuliko maombi yake. Hata hivyo hakulegea. Alikwenda likizo ya mwezi mzima kwa shangazi yake Mufindi, akachuma chai.

Aliporudi, Kalista alikuwa ameanza kujifunza drafti.

"Dada, nionyeshe ule mchezo wa Mbeya. Watu bado wanauzungumzia."

"Ulikuwa mchezo wa kuachiwa."

"Nionyeshe hivyo hivyo."

Evarista alipanga kete kwa uvivu. Miezi ya kutaja namba kwenye simu ilikuwa imempa kumbukumbu ya ajabu, na mchezo wote ulirudi vidoleni. Walipofika kwenye kete ya ishirini na tatu, Kalista alimshika mkono.

"Hapa. Mimi ningecheza hii nyingine."

"Cheza."

Kalista alicheza, akaliwa kete tatu. Walirudisha. Akajaribu nyingine, akafungwa haraka zaidi. Akajaribu ya mwisho iliyobaki, na hiyo nayo ikafa. Evarista alianza kujaribu mwenyewe, kwanza polepole, kisha kwa pupa. Hapakuwa na njia. Kuipeleka kumi na nane ilikuwa njia iliyochelewesha kifo zaidi ya zote. Ndalahwa hakumwachia kitu. Mchezo ulikuwa umekwisha mapema, na aliyeumaliza ni yeye Evarista.

"Dada, unalia?"

"Nilimshinda," alisema Evarista. "Kalista, nilimshinda kweli."

Asubuhi iliyofuata alichomeka waya wa Mbeya kabla hata mteja hajafika. Akajibiwa na sauti ya msichana.

"Ndugu Ndalahwa? Ameacha kazi, dada. Baba yake hajiwezi. Amerudi kwao Usangu kusimamia mifugo."

Jumamosi Evarista alipanda basi la kwenda magharibi, akapita Nyololo bila kushuka hata kununua mahindi ya kuchoma, akateremka Usangu kwenye joto lililomlazimisha kuvua sweta. Ilikuwa siku ya mnada. Ng'ombe walilia, vumbi lilipanda, wanunuzi walibishana kwa Kisukuma, Kisangu na Kiswahili. Alimtambua Ndalahwa kwa urefu. Sasa alivaa kandambili za tairi, na fimbo ilikuwa mkononi.

"Mwalimu," alisema.

Ndalahwa aligeuka. Uso wake ulifunguka, kisha ukajifunga tena, kama mtu aliyekumbuka jambo.

"Umekuja kununua ndama?"

"Nimekuja kuomba radhi. Niliucheza upya ule mchezo. Hukuniachia."

"Sikukuachia."

"Sasa kwa nini ulinyamaza? Neno moja tu la hapana lingetosha."

Ndalahwa alichora mstari mavumbini kwa fimbo.

"Kwa sababu hapana ilikuwa nusu ya jibu. Eva, kwenye simu nilikuwa nasikia pumzi yako. Ukiwa na mashaka, unavuta pumzi kabla ya kutaja namba. Ukiniwekea mtego, unaitaja haraka. Nilikufunga mara nyingi kwa masikio, si kwa akili. Ukumbini hukutaja namba, nami nikawa kama kipofu. Ulipouliza, nikaona nikikueleza kwa nini nimeshindwa, utajua kwamba miezi yote nilikuwa nakuchungulia."

Ng'ombe mmoja mwenye pembe ndefu alipita kati yao.

"Ungenifundisha hilo," alisema Evarista. "Yote mengine ulinifundisha. Kwa nini hilo ulilificha?"

"Ningekwambia, ungejificha. Nisingekusikia tena."

Evarista alitaka kukasirika, akakosa nguvu. Kila mmoja alikuwa ameficha kitu kimoja kidogo, yeye jibu lake kuhusu safari ya Kihesa na Ndalahwa masikio yake, na kwa sababu ya hivyo viwili walikuwa hapa.

"Siku ile nilikuwa nimekuja Mbeya kukubali," alisema. "Ujue hivyo."

Ndalahwa alifumba macho. Alipoyafumbua hakumtazama.

"Baba anataka kuona mkwe kabla hajafa. Ng'ombe wa mahari walipelekwa kwa wazazi wa binti mwezi uliopita. Anaitwa Ng'washi. Ni mtu mwema, Eva, naye hajamkosea mtu. Nikiwarudisha wale ng'ombe, namwaibisha yeye kwa kosa langu."

"Usiwarudishe."

"Nilikupigia. Ulipokuwa likizo nilikupigia kukuuliza kwanza, kabla ng'ombe hawajapelekwa."

"Najua," alisema Evarista, ingawa hakujua. Aliona kwamba hilo lingempunguzia mzigo.

Ndalahwa alimsindikiza hadi barabarani. Basi lilipofika alimshika mkono kumsaidia kupanda. Safari hii Evarista ndiye aliyeachia kwanza.

Baada ya hapo mambo yalikwenda hivi. Ndalahwa alimwoa Ng'washi mwezi Oktoba, mbele ya baba yake, na hakurudi tena kwenye kazi ya simu. Mzee wake alifariki kabla ya Krismasi. Sedekia aliacha drafti akahamia karata. Yotamu alipata mchumba wa Kilolo aliyependa soda. Kalista alikwenda Mbeya mwaka uliofuata kuwakilisha Iringa, akafika robo fainali. Aliyemfundisha ni Evarista, wakiwa wameketi meza moja. Evarista mwenyewe hakushindana tena. Aliendelea kuunganisha simu za Mbeya, na hata siku laini zilipokuwa mbovu na wateja wakipiga kelele kaunta, alizungumza na opereta wa upande wa pili kwa upole, na alipoombwa dakika moja aliitoa.