Kiti cha Nne kule Gumbo

Soko la Konyo Konyo mjini Juba siku ya Jumamosi halina adabu. Mikokoteni inakusukuma, spika zinakupigia kelele masikio yote mawili, na vumbi la mwaka ule wa 2008 halikuchagua kati ya karani wa benki na muuza bamia. Christabel alikuwa amevaa sketi nyeupe, kosa la mgeni, na alikuwa ameinamia kibanda cha DVD akitafuta kitu kimoja tu, msimu wa pili wa tamthilia ya Kiti cha Nne. Alipoishika DVD hiyo, mkono mwingine mrefu uliishika upande wa pili.

"Madam, hiyo nimeitafuta mwezi mzima," mwenye mkono alisema, Kiswahili cha Eldoret kabisa.

"Basi endelea kutafuta."

Aliitwa Maker, mtu wa Bor aliyelelewa Kenya, sasa fundi wa kompyuta katika shirika la misaada. Shati lake la samawati lilikuwa limepigwa pasi vizuri kupita kiasi, na hilo Christabel aliliona kabla ya uso. Wakakubaliana kuitazama pamoja. Mapenzi mengine huanza kwa maua; haya yalianza kwa kugombania tamthilia ya kutisha.

Tamthilia yenyewe haikuwa na zimwi wala damu. Ilikuwa na familia ya watu watatu na meza ya viti vinne. Kila picha ilikuwa na ukijani uliochakaa, kama maji ya bwawa. Kamera haikusogea, na anayezungumza alisukumwa pembeni ili kile kiti kitupu kikae katikati. Hakuna aliyewahi kukikalia. Jumamosi mchana, chumbani kwa Christabel kule mtaa wa Atlabara, walikitazama wameshikana mikono mpaka vidole vikafa ganzi. Siku moja Christabel aliuliza kwa nini yeye anaogopa kiti kitupu.

"Wao wanaweka kiti tu, mpenzi," Maker akamwambia. "Anayemkalisha mtu pale ni wewe."

Angeyashika maneno hayo asingeteseka. Lakini huko nyuma, Nakuru, alikuwa amependana na mwanamume aliyekuja kugundulika ana mke na watoto wawili, na tangu hapo hakumwamini mtu anayepokea simu nje.

Mwezi wa nne wa mapenzi yao, Jumamosi moja, Maker alipokea simu nje. Alizungumza Kiarabu cha Juba na shemeji yake Matiya, kwa sauti ya chini, na Christabel akanasa maneno machache: "Mara tai bi ja bukra." Mara ngapi? Mara gani? Maker alirudi akitabasamu, akasema walikuwa wakipanga chakula cha kesho, maana Christabel alikuwa amealikwa kwa dada yake Maker huko Gumbo, ng'ambo ya mto. Jumatatu yake benki aliyofanyia kazi ilitaka jibu: arudi Nairobi au abaki Juba. Alikuwa amekata shauri kubaki kwa ajili ya mtu huyu.

Maker alipoondoka, Christabel alimwuliza Konga, mlinzi wa geti, maana ya maneno yale.

"Mara tai? Hiyo ni bibi yangu," Konga alisema. "Bibi yangu iko nakuja kesho."

Christabel alirudi chumbani, akafunga mlango. Hakupokea simu tena siku hiyo. Jumapili alituma ujumbe kwamba anaumwa, kisha akavaa miwani ya jua, akajitanda leso, akapanda bodaboda kuvuka daraja. Alitaka kumwona huyo mke kwa macho yake.

Kwenye uzio wa matete wa nyumba aliyokuwa ameelekezwa na Maker alichungulia, na mwili ukamsisimka. Juu ya meza, kama paa, palitandwa turubai la kijani, na mwanga uliopenya uliwafanya wote wawe kijani: Matiya, Apajok dada mtu, na Maker pembeni kabisa, kichwa chini. Watu watatu, viti vinne. Kile kitupu kilikuwa katikati, kimefunikwa milaya, shuka lililotariziwa. Hakuna aliyekula. Alimsubiri mke nusu saa nzima, na mawazoni akamvisha, akamsuka, akamchukia.

Ndipo simu yake ikalia mkobani. Maker alikuwa anapiga. Akainua kichwa, akaufuata mlio mpaka uzioni.

"Christa? Si umesema unaumwa?"

"Nimekuja kumwona mkeo. Mara tai. Konga ameshaniambia maana yake. Yuko wapi?"

Maker alikata simu.

"Amesimama kwenye uzio na miwani ya jua."

Apajok alicheka mpaka akashikilia kanga yake isidondoke. Maker hakucheka. Alianza kujitetea kwamba kwa Kiarabu cha huku mwanamke na mke ni neno moja.

"Na wewe ulimaanisha lipi?"

"Mke," alisema, macho chini. "Nilitangulia kusema kabla ya kukuuliza."

Apajok aliinuka, akanyoosha milaya ile ya kitini. Kwa uzi mwekundu, baada ya mwezi mzima wa kushona, paliandikwa KIRISTABEL. Christabel alivua miwani. Aliona aibu, na chini ya aibu furaha ambayo hakujua aiweke wapi.

"Kesho Nairobi wanataka jibu langu," akasema. "Kwa hiyo niulize leo, na uniulize kwa Kiswahili."

Maker akamwuliza, mbele ya dada yake na shemeji yake. Christabel aliingia ndani ya uzio. Alizunguka meza, akavuta kile kiti, akakaa.